ALIYETUCHAGUA NA SISI TUNAOCHAGUA
Swali la Uteule, Hiari na Uovu katika Nchi ya Mpakani

Utangulizi

Sura nyingine za kitabu hiki zinaeleza habari za majengo, wachungaji, wainjilisti, kwaya na vikundi vya akina mama. Hayo yote ni ya kumshukuru Mungu. Lakini historia ya usharika si historia ya matofali na mabati tu. Ni historia pia ya maswali ambayo waumini waliyabeba mioyoni na majibu waliyopewa na Kanisa. Sura hii inahusu swali moja ambalo halijawahi kuondoka katika nchi yetu tangu Injili ilipoingia: mabaya yanapotupata, ni nani aliyeyaleta? Ni Mungu aliyeyapanga, ni mtu aliyeyatenda, au ni sisi wenyewe tuliojitakia?

Mwishoni mwa miaka ya 1990, mwandishi wa sura hii alihudhuria mazishi ya kijana mmoja aliyekuwa utingo wa lori. Alifariki katika ajali kwenye barabara kuu iendayo Tunduma. Msibani zilisikika kauli tatu. Mzee mmoja alisema, "Ni mpango wa Mungu, siku yake ilikuwa imefika." Mwingine akasema kwa sauti ya chini, "Hapa kuna mkono wa mtu." Wa tatu akasema, "Amejitakia mwenyewe, aliambiwa asipande gari lile, breki zake zilijulikana." Nyuma ya nyumba alikuwa ameketi shangazi wa marehemu, mama mjane mwenye umri mkubwa. Kauli ile ya pili ilimfikia, na watu wakaanza kumtazama. Usiku ule hakulala katika kijiji kile.

Wanateolojia wameandika vitabu vingi juu ya mambo matatu: uteule wa Mungu, hiari ya mwanadamu na asili ya uovu. Wale wazee watatu hawakuwa wamevisoma vitabu hivyo, lakini kila mmoja wao alikuwa ameligusa jambo moja kati ya hayo. Kwa hiyo somo hili si la vyuo vya theolojia peke yake. Linahusu kama mama yule atalala nyumbani kwake au atakimbia usiku.

1. Nchi yetu kabla ya Injili

Nchi iliyo kati ya ziwa Nyasa na ziwa Tanganyika ilikuwa njia ya watu tangu zamani. Wanamwanga, Wanyiha, Wandali, Wawanda na majirani zao walilima, walifuga na kuoana bila kujua kwamba siku moja mstari ungepita katikati yao. Mstari huo uliwekwa kwa mapatano ya Uingereza na Ujerumani ya tarehe 1 Julai 1890. Ulianzia mlango wa mto Songwe kwenye ziwa Nyasa, ukaenda hadi mlango wa mto Kalambo kwenye ziwa Tanganyika. Ndugu wa tumbo moja wakajikuta wengine chini ya Wajerumani na wengine chini ya Waingereza. Ndiyo asili ya Tunduma na Nakonde kuwa miji miwili yenye jamaa mmoja.

Wazee wetu walimjua Muumba kabla ya kumjua Kristo. Wanyiha walimwita Mulungu, Wanamwanga walimwita Leza, na majirani zetu Wanyakyusa walimwita Kyala. Kwa kawaida hawakumtuhumu Muumba kwa mabaya ya kila siku. Mtoto alipougua au ng'ombe walipokufa, waliuliza kwanza kama mizimu imekasirika, kisha wakauliza ni jirani gani mwenye kinyongo. Mganga alipiga ramli, na jibu likapatikana.

Tusiyadharau mawazo hayo haraka. Ndani yake kulikuwa na jambo la kweli: kwamba chuki ya moyoni huua, na kwamba mabaya si kitu cha kawaida ambacho mtu anapaswa kukinyamazia. Lakini jibu hilo lilikuwa na gharama. Kila msiba ulihitaji mtu wa kuulipia, na mara nyingi mtu huyo alikuwa mzee, mjane, mgeni, au yule aliyegombana na marehemu wiki iliyopita. Swali la "nani amefanya?" lilikuwa halikubali kubaki bila jina la mtu.

2. Milango mitatu ya Injili

Injili iliifikia nchi hii kupitia milango mitatu, na kila mlango ulikuwa na mafundisho yake kuhusu uteule na hiari.

Mlango wa kwanza ulikuwa wa Wascotland. Kanisa Huru la Scotland lilianzisha misheni ya Livingstonia katika nchi ya Nyasa mwaka 1875. Katikati ya miaka ya 1890 misheni hiyo ilifungua kituo cha Mwenzo, upande wa pili wa mpaka wetu, karibu na Nakonde ya leo, katikati ya Wanamwanga. Hao walikuwa Wapresbiteri, watu wa mapokeo ya Jean Calvin.

Mlango wa pili ulikuwa wa Wamoravian. Walifika Rungwe mwaka 1891, na mwaka 1899 mmisionari Traugott Bachmann akaanzisha kituo cha Mbozi kwa Wanyiha. Agano Jipya kwa lugha ya Kinyiha lilichapishwa mwaka 1913.

Mlango wa tatu ulikuwa wa Walutheri wa Misheni ya Berlin. Wakiongozwa na Alexander Merensky walifika kaskazini mwa ziwa Nyasa mwaka huo huo wa 1891, wakajenga vituo vya Wangemannshöhe, Manow na Mwakaleli. Waligawana eneo na Wamoravian: Wamoravian wakachukua magharibi, Waberlin wakachukua mashariki. Kwa sababu hiyo Ulutheri ulizifikia sehemu zetu hasa kwa miguu ya waumini waliohama, wafanyabiashara, watumishi wa serikali na wafanyakazi wa barabara na reli, walioleta Katekisimo Ndogo ndani ya mizigo yao.

Tukitaka kuelewa yaliyofundishwa katika milango hiyo mitatu, yatupasa kurudi nyuma kidogo katika historia ya Kanisa zima.

3. Asili ya mabishano

Wengine hudhani kwamba mabishano haya ni ya Wazungu. Sivyo. Aliyeyaanza kwa uzito mkubwa kuliko wote alikuwa Mwafrika, Agostino, aliyezaliwa Thagaste, katika nchi iitwayo leo Algeria, mwaka 354, akawa askofu wa Hippo hadi kufa kwake mwaka 430. Katika ujana wake Agostino alifuata dini ya Mani, iliyofundisha kwamba kuna nguvu mbili za milele zinazopigana, moja njema na moja mbaya. Alipokuwa Mkristo aliikataa. Alisema uovu si kitu kilichoumbwa, wala si mungu wa pili. Uovu ni upungufu wa wema, kama giza lilivyo upungufu wa nuru, nao huingia pale kiumbe anapomgeuzia Mungu kisogo kwa mapenzi yake mwenyewe.

Baadaye mtawa Pelagio kutoka Uingereza alifundisha kwamba mwanadamu anaweza kuishi bila dhambi kwa bidii yake mwenyewe. Agostino alimpinga vikali. Alisema baada ya Adamu kuanguka hatuwezi hata kumtaka Mungu mpaka Mungu mwenyewe atutake kwanza. Mtaguso wa Karthago wa mwaka 418 ulimwunga mkono.

Miaka zaidi ya elfu moja baadaye swali lilirudi. Mwaka 1524 Erasmo wa Rotterdam aliandika kitabu cha kutetea hiari ya mwanadamu. Martin Luther alimjibu mwaka 1525 kwa kitabu juu ya utumwa wa mapenzi ya mwanadamu. Luther alikithamini sana kitabu hicho, hata mwaka 1537 akaandika kwamba kati ya maandiko yake yote alikitambua hicho pamoja na Katekisimo kuwa vyastahili kubaki. Hoja yake ilikuwa kwamba katika mambo yaliyo chini yetu, kama kulima, kujenga, kuoa na kufanya biashara, tuna uhuru wa kuchagua. Lakini katika jambo la kumgeukia Mungu hatuna nguvu yoyote ya asili. Ungamo la Augsburg la mwaka 1530 lilisema hivyo hivyo katika kifungu cha 18. Kifungu cha 19 kikaongeza neno ambalo kila Mlutheri anapaswa kulishika: Mungu ndiye anayeviumba na kuvitunza viumbe vyote, lakini asili ya dhambi ni mapenzi ya waovu, yaani ya Ibilisi na ya watu wasiomcha Mungu.

Wafuasi wa Calvin walienda hatua moja mbele. Kama Mungu amewachagua baadhi, walisema, basi kwa hoja hiyo hiyo amewapita wengine na kuwaandikia hukumu. Sinodi ya Dordrecht ya mwaka 1618 hadi 1619 iliuthibitisha mkondo huo, na Ungamo la Westminster la mwaka 1646 likaufanya kuwa msingi wa Wapresbiteri wa Scotland.

Walutheri walikataa kuchukua hatua hiyo. Kanuni ya Mapatano ya mwaka 1577, katika kifungu cha 11, ilifundisha kwamba Mungu kujua mambo kabla hayajatokea si sawa na Mungu kuyachagua yatokee. Kujua kwake kunahusu mema na mabaya. Uteule wake unahusu wokovu tu. Anayeokoka, ameokolewa kwa neema peke yake. Anayepotea, amepotea kwa kosa lake mwenyewe, si kwa sababu Mungu alimwumba apotee. Mtu anapouliza, "Basi kwa nini huyu aokoke na yule asiokoke, ikiwa wote wamefungwa sawasawa?", Mlutheri hana jibu la kutosheleza akili, na mababu zetu wa imani hawakuona aibu kunyamaza hapo. Walisema mtu asiutafute uteule wake mbinguni, katika shauri la siri la Mungu. Autafute katika Kristo, katika Neno, katika Ubatizo na katika Meza ya Bwana, ambako Mungu amejifunua.

Wamoravian walilikubali Ungamo la Augsburg tangu siku za Hesabu Zinzendorf, kwa hiyo walikuwa karibu nasi katika jambo hili. Nao Wascotland waliofika Mwenzo hawakuwa tena kama babu zao. Mwaka 1892, miaka michache tu kabla ya Mwenzo kufunguliwa, Kanisa Huru la Scotland lilipitisha tamko lililolegeza ukali wa Ungamo la Westminster. Tamko hilo lilitia mkazo upendo wa Mungu kwa wanadamu wote, likakana kwamba watu wameandikiwa mauti bila kujali dhambi zao. Baadhi ya washarika wao walijitenga kwa hasira mwaka uliofuata. Tunaweza kusema kwamba Injili ya Mwenzo ilivuka bahari ikiwa imetoka tu katika mabishano ya swali hili hili.

4. Vita, njaa na homa

Mafundisho hujaribiwa kwa moto, na moto ulikuja upesi. Vita Kuu ilipoanza mwaka 1914, mpaka wetu uligeuka uwanja wa mapigano. Karonga ilishambuliwa mwezi Septemba mwaka huo. Maelfu ya wanaume wa pande zote mbili walichukuliwa kuwa wapagazi, wakabeba risasi na chakula vichwani, na wengi hawakurudi. Nyumba nyingi zilibaki bila mikono ya kulima. Mwezi Novemba 1918 jeshi la Lettow-Vorbeck lilipita Fife, jirani kabisa na Tunduma, kabla ya kuweka silaha chini huko Abercorn, mji uitwao sasa Mbala, tarehe 25 Novemba. Mara tu vita ilipokwisha ikaja homa kali ya mafua iliyoua watu dunia nzima.

Wakati huo vituo vyetu havikuwa na wamisionari wa Kijerumani. Walikuwa wamekamatwa na Waingereza mwaka 1916. Waalimu na wazee Waafrika waliendelea kusomesha, kuombea wagonjwa na kuzika wafu. Baadaye Wascotland wa Livingstonia walivisimamia vituo vya Waberlin na Wamoravian mpaka Wajerumani walipoanza kurejea katikati ya miaka ya 1920. Hivyo watoto wa Luther walichungwa kwa muda na watoto wa Calvin, na hakuna aliyepotea kwa sababu hiyo.

Katika giza hilo watu waliuliza, "Kwa nini sisi?" Jibu moja lililovuma sana lilitoka kwa wahubiri wa Mnara wa Mlinzi. Hanoc Sindano na wenzake, waliorudi kutoka kazini Rhodesia ya Kusini, walihubiri kati ya Wanamwanga, Waiwa na Wamambwe mwaka 1918 na 1919. Walisema mwisho wa dunia umefika, na waliobatizwa upya kwa kuzamishwa ndio watakaookoka. Wengi walikataa amri za machifu na za serikali, na viongozi wakakamatwa. Makundi hayo hayakuwa chini ya uongozi wa chama cha kimataifa chenye jina hilo, na chama hicho baadaye kilijitenga nayo.

Hatuna sababu ya kuwadhihaki. Watu waliobebeshwa mizigo ya vita isiyo yao walihitaji kusikia kwamba Mungu anawajua. Kosa lilikuwa katika namna ya kuuelewa uteule. Uteule uligeuzwa kuwa ukuta: sisi ndani, ninyi nje. Katika Maandiko uteule ni mlango. Ibrahimu alichaguliwa ili mataifa yote yabarikiwe kwa ajili yake, si ili mataifa yaangamie.

Kwa upande mwingine, Mwenzo ilitoa ushuhuda wa namna nyingine. Mwaka 1912 waalimu wa misheni, miongoni mwao Donald Siwale na David Kaunda, walianzisha Chama cha Ustawi cha Mwenzo, kilichozungumzia kodi, kazi na maisha ya watu wao. Chama hicho kilikoma wakati wa vita, kikafufuliwa mwaka 1923. David Kaunda alikuwa baba wa Kenneth Kaunda, Rais wa kwanza wa Zambia. Watu husema kwamba anayeamini uteule wa Mungu huketi na kusubiri. Waalimu wa Mwenzo walilelewa katika kanisa lenye fundisho kali la uteule kuliko makanisa yote, nao hawakuketi. Aliyekwisha kujua kwamba wokovu wake uko mikononi mwa Mungu, mikono yake mwenyewe inabaki huru kumtumikia jirani.

5. Dawa ya kuumaliza uovu

Mwaka 1933 na 1934 vijana waliovaa nadhifu walitoka Nyasaland wakisambaza dawa iliyoitwa mchapi. Waliwapanga watu mstari, wakawatazama kwa kioo kidogo, wakawataja wachawi, kisha wakawanywesha maji mekundu. Walidai kwamba aliyekunywa akirudia uchawi atakufa. Dawa hiyo ilienea Nyasaland, Rhodesia ya Kaskazini na kusini mwa Tanganyika, na Wakristo wengi walisimama kwenye mstari pamoja na wengine.

Miaka 20 baadaye, mwaka 1953, Alice Lenshina wa kijiji cha Kasomo, karibu na misheni ya Lubwa wilayani Chinsali, alisema kwamba alikufa, akakutana na Mungu na kurudishwa. Aliwaita watu watupe hirizi na kuacha uchawi, na maelfu walimfuata. Kanisa lake la Lumpa lilijitenga na misheni. Mwaka 1964, katika miezi ya mwisho kabla ya uhuru wa Zambia, mapambano kati ya waumini wake na serikali yaliua mamia ya watu.

Nguvu ya mchapi na ya Lenshina ilitokana na tumaini moja: kwamba uovu unaweza kukusanywa mahali pamoja, ukatupwa, ukaisha. Je, Kanisa letu lilikuwa na jibu? Tukubali kwa unyenyekevu kwamba mara nyingi jibu lilikuwa fupi mno. Wahubiri walisema, "Uchawi ni ujinga," wakaendelea na ibada. Muumini aliyekuwa na hofu alinyamaza kanisani, akaenda kwa mganga usiku. Kama wangefundishwa kwa kina kile ambacho Agostino na Luther walikisema, wangejua kwamba mchapi ulikosea mahali pa kuutafuta uovu. Uovu haukai kwa bibi mmoja pembezoni mwa kijiji. Umo katika mapenzi ya kila mmoja aliyesimama kwenye ule mstari, pamoja na yule aliyeshika kioo.

6. Mpaka wa siku zetu

Tarehe 19 Juni 1963 makanisa saba ya Kilutheri yaliungana kuwa kanisa moja, ambalo leo ni Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanzania. Baadaye nchi yetu ilifunguka kwa haraka. Bomba la mafuta la TAZAMA lilianza kazi mwaka 1968, barabara kuu ya kwenda Zambia ikawekwa lami, na reli ya TAZARA iliyojengwa kuanzia mwaka 1970 ikakabidhiwa mwaka 1976. Mkoa wa Songwe ulizaliwa mwaka 2016, na mwaka 2019 kituo cha pamoja cha forodha cha Tunduma na Nakonde kikazinduliwa. Tunduma imekuwa mji wa malori, wabadilisha fedha, mawakala wa forodha na vijana watafutao maisha kutoka kila upande.

Lile swali la zamani limepata mavazi mapya. Ugonjwa wa UKIMWI ulipofika, wengine walisema ni adhabu ya Mungu, wengine wakasema ni kurogwa, na mayatima walilelewa na bibi zao wakisikia yote mawili. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 mkoa wa Mbeya, ambao wakati ule ulikuwa pamoja na Mbozi yetu, ulitajwa katika habari za watu waliouawa na kuchunwa ngozi kwa ajili ya biashara ya ushirikina. Baadaye taifa zima liliona aibu ya mauaji ya ndugu zetu wenye ualbino. Siku hizi vijana huambiwa kwamba nyota zao zimeibiwa, au kwamba laana ya ukoo imewafunga, na kwamba kwa sadaka fulani watafunguliwa.

Tukiangalia vizuri, mauaji hayo ni matunda ya imani fulani kuhusu majaliwa. Anayeua ili apate utajiri anaamini kwamba bahati imekwisha kugawanywa, na kwamba sehemu yake lazima aitoe katika mwili wa mwingine. Ndiyo sababu Kanisa haliwezi kuliacha fundisho la uteule likae vitabuni. Asiyejua kwamba amekwisha kuchaguliwa bure, atatafuta kuchaguliwa kwa damu ya jirani yake.

7. Kauli tatu mbele ya Neno

Sasa turudi kwa wale wazee watatu wa msibani.

Aliyesema "ni mpango wa Mungu" alitaka kumheshimu Mungu. Ni kweli kwamba hakuna unywele unaoanguka nje ya ujuzi wake. Lakini kujua si kutenda. Mungu hakulegeza breki za lori lile. Tukisema kila jambo limepangwa na yeye, tunamfanya Baba wa Bwana wetu Yesu Kristo kuwa mwandishi wa uovu, na Ungamo letu linakataa. Tunamwachia pia mwenye gari alale usingizi mzuri.

Aliyesema "kuna mkono wa mtu" alikuwa karibu na ukweli kuliko alivyodhani. Mkono wa mtu ulikuwepo: wa aliyeona breki ni mbovu akaliruhusu gari litoke. Lakini jicho la kijiji halikwenda kwa mwenye gari, ambaye alikuwa na fedha. Lilikwenda kwa mjane asiye na mtetezi.

Aliyesema "amejitakia" alitetea hiari ya mwanadamu. Ni kweli, katika mambo ya dunia hii tunachagua na tutatoa hesabu. Lakini kijana aliyepanda gari lile ili apate chakula cha wadogo zake hakuwa na uchaguzi mpana, na maneno yale hayakumfuta mama yake hata chozi moja.

Bwana wetu aliulizwa maswali ya namna hiyo. Katika Luka sura ya 13 aliambiwa habari za Wagalilaya waliouawa na Pilato, naye akakumbusha watu 18 walioangukiwa na mnara huko Siloamu. Alikataa kwamba walikuwa wakosaji kuliko wengine. Hakumtaja mchawi, wala hakusema Mungu aliwapangia. Aliwageuzia waulizaji swali: ninyi je, mtatubu? Katika Yohana sura ya 9 wanafunzi walitaka kujua ni nani aliyetenda dhambi hata mtu azaliwe kipofu, na Yesu akayaelekeza macho yao kwenye kazi ambayo Mungu angeitenda kwa mtu yule. Yusufu naye, katika Mwanzo sura ya 50, hakuwaambia ndugu zake kwamba uovu wao ulikuwa mwema. Aliuita uovu, kisha akaonyesha jinsi Mungu alivyoushinda.

Hapo ndipo fundisho la Kilutheri linaposimama. Linashika maneno mawili kwa pamoja wala haliachi hata moja: wokovu wote ni wa Mungu, na uovu wote si wa Mungu. Akili hutamani kuyaunganisha maneno hayo kwa kamba moja, lakini kila aliyejaribu ama alimfanya Mungu mkatili, ama alimfanya mwanadamu mwokozi wa nafsi yake. Mwaka 1973, katika Mapatano ya Leuenberg, makanisa ya Kilutheri na ya Kireformati ya Ulaya yalikiri kwamba hukumu walizotoleana zamani juu ya uteule haziwahusu tena wenzao wa leo. Huku kwetu jambo hilo lilikuwa limekwisha kuonjwa tangu miaka ya 1920, pale mchungaji Mscotland alipowahudumia washarika walioachwa na Mjerumani.

Hitimisho

Msomaji angependa kujua habari za yule mama mjane. Asubuhi ya siku ya pili mwinjilisti alitoka na wazee wawili wa kanisa, wakamtafuta, wakamkuta kwa jamaa yake kijiji cha jirani. Wakamrudisha. Mwinjilisti hakuhubiri siku ile juu ya uteule wala juu ya hiari. Alitandika mkeka mbele ya nyumba ya msiba, akaketi pamoja na mama yule mbele ya watu wote, akala naye ugali katika sahani moja. Haisemwi kwamba minong'ono ilikoma. Baadhi ya watu waliendelea kumkwepa mpaka alipofariki kwa uzee miaka mingi baadaye. Lakini alifariki nyumbani kwake, na usharika ulimzika.

Mwinjilisti yule hakuweza kueleza kwa nini kijana alikufa. Alichojua ni kwamba mama yule alibatizwa kwa jina la Utatu Mtakatifu, na kwa hiyo Mungu alikuwa amekwisha kutangaza hadharani kwamba ni wake. Uteule wake haukuwa siri ya mbinguni. Uliandikwa katika kitabu cha ubatizo cha usharika. Na mwinjilisti, akiwa mtu huru, alichagua pa kuketi.

Tunapoadhimisha miaka 100, na tuweke jiwe la ukumbusho kama Samweli alivyoweka, tukikiri kwamba tumefika hapa kwa msaada wa Bwana. Hatukujichagua wenyewe. Lakini katika miaka 100 ijayo misiba itakuja tena, na kauli zile tatu zitasikika tena nyuma ya nyumba. Siku hiyo kila msharika ataona mkeka umetandikwa, na mtu ameketi peke yake. Mungu Baba, Mwana na Roho Mtakatifu atujalie kujua pa kukaa. Amina.